Mkono Uliofunguka

Mwanangu Ngalula,

Wewe na mama yako mmekwenda Makomeno kumuaga mama yako mkubwa, nami nimesingizia mgongo ili nibaki peke yangu na karatasi hii. Mgongo hauniumi hata kidogo. Nakuambia mapema ili ujue barua hii inatoka kwa mtu wa namna gani.

Mambo ya koti, ya mafua, ya kutompa mtu pasipoti yako hata akivaa kofia ya serikali, mama yako ameshayasema mara nne, na kesho pale uwanja wa ndege wa Luano atayasema mara ya tano. Sina la kuongeza. Mimi nataka kukueleza habari ya mtu atakayekupokea huko Ufaransa, yule ambaye tangu utotoni unamwita tonton Musonda, kama baba mdogo wako, na hujapata kumwona ila kwenye picha. Unakwenda kulala chini ya paa lake miaka yote ya masomo yako. Kuna jambo nililomfanyia. Wewe hulijui, mama yako analijua nusu. Ukilisikia kwake kabla ya kulisikia kwangu, hutaniamini tena, na utakuwa na haki.

Unajua nilivyo. Mnanicheka hapa nyumbani kwamba fundi wa bomba akija nasimama nyuma yake mpaka amalize, na kwamba nikialikwa kula nasubiri mwenye nyumba aonje kwanza. Hata kazi niliyoipata baada ya kuacha raga ni kuongoza walinzi wa maghala, yaani nalipwa kwa kutomwamini mtu. Basi Musonda aliposikia umepata nafasi ya kusoma uhandisi katika mji wake, akapiga simu kusema chumba kipo na usitafute kwingine, ninyi wawili mliruka kwa furaha. Mimi niliuliza anataka nini. Mama yako akanijibu palepale, mbele yako:

“Muntu anakupendea mutoto, weye unatafuta mwiba. Juu ya nini?”

Sikuacha. Nilimpata mfanyabiashara mmoja wa kwetu anayeishi kule, nikamwomba apite kwa Musonda kama mtu anayesalimia tu, aangalie. Zilipita wiki mbili ndipo akanipigia. “Papa, ule muzee amepaka chumba rangi mara mbili, ile ya kwanza haikumupendeza. Anauliza kila muntu batoto ba Lubumbashi banakulaka nini asubuhi. Njo nimeona, hakuna ingine.” Mtu mwingine angetulia. Mimi nilikaa nikifikiri kwamba mtu anayepaka chumba rangi mara mbili lazima ana jambo.

Jambo lenyewe ninalo mimi.

Nilizaliwa Kipushi, kwenye nyumba za wafanyakazi wa mgodi. Babu yako alitoka Kasai akiwa kijana kuja kuchimba, na sisi watoto wake hatukuijua Kasai ila kwa hadithi. Nyumba ya tatu kutoka kwetu ilikuwa ya kina Musonda, watu wa hapahapa Katanga. Tulikua pamoja, tulipokea komunyo siku moja, tuliiba mahindi shamba moja, tukachapwa na baba mmoja, maana baba yake alikuwa hachagui mtoto wa kuchapa.

Kisha ukaja wakati Zaire ilipokuwa inaporomoka. Mgodi ulikuwa unakufa, mishahara haifiki, askari wenyewe wanapora maduka, na wakubwa wakawa wanatafuta wa kutupiwa lawama. Wakatupata sisi watu wa Kasai. Tukaitwa bilulu, yaani wadudu. Tukaambiwa turudi kwetu, na kwetu kwenyewe kulikuwa hapohapo Kipushi. Siku kundi la vijana lilipofika mlangoni petu, aliyetangulia kuwaonyesha nyumba alikuwa mjomba wa Musonda, mtu aliyekuwa anachota maji kwenye bomba letu kila asubuhi. Hakupiga kelele. Alionyesha kwa kidole, kisha akatazama chini. Mawe nimeyasahau, kidole sijakisahau. Familia yangu ilikwenda kungoja treni ya Kasai pale stesheni ya Lubumbashi, wiki baada ya wiki, na bibi yangu mzaa baba alifia sakafuni kabla treni haijafika. Watu husema kikulacho ki nguoni mwako. Wenzangu waliuchukua kama msemo, mimi niliufanya dini.

Mimi sikwenda nao, na bado aliyenitoa Kipushi alikuwa Musonda. Alinipakia kwenye lori la unga mpaka Mokambo, ambako ana ndugu pande zote mbili za mpaka. Kwenye kila kizuizi yeye ndiye aliyejibu maswali, kwa Kibemba, na mimi nikajifanya bubu kwa sababu lafudhi yangu ingenichongea. Alisema mimi ni binamu yake niliyezaliwa bila ulimi. Angeweza kunimaliza kwa neno moja na hakulisema. Unajua nilifikiri nini, mwanangu, nikiwa nimekaa juu ya magunia yale? Nilifikiri: mbona huyu anajua kudanganya vizuri hivi?

Ng'ambo ya mpaka, Mufulira, kulikuwa na klabu ya raga ya wachimbaji. Walitutazama mabega kabla ya kututazama uso, wakatupa jezi. Nataka uelewe mele ni nini, vinginevyo hutaelewa nilichofanya. Watu wanane wanainama kusukumana na wanane. Mstari wa mbele ni watatu. Mimi nilikuwa pilie, yaani nguzo ya kushoto, na Musonda alikuwa katikati, yule anayeuvuta mpira kwa kisigino. Huyo wa katikati mikono yake yote miwili iko juu ya mabega ya nguzo zake, kwa hiyo hana mkono wa kujikinga. Kinachomzuia asivunjike shingo ni mikono ya wenzake wawili walioikamata jezi yake ubavuni. Nguzo ukiachia wakati wanagongana, uzito wote unamwangukia yeye. Hilo hata mchezaji wa juzi analijua.

Tulicheza hivyo miaka. Nilimshika Musonda mara nyingi zaidi, kila Jumamosi, kuliko nilivyomshika mama yako, na ukimwuliza mama yako atakuambia hivyohivyo.

Mhandisi mmoja Mfaransa wa mgodini alituona, akaandika kwa klabu ya mji wake. Ni wakati ule raga ilipoanza kuwa kazi ya mshahara, na vilabu vikawa vinatafuta shingo nene popote zilipo. Lakini walitaka vijana. Mimi nilikuwa na miaka ishirini na mitano, na kwenye karatasi mpya nikakata mitatu. Usishangae. Ofisi zetu zilikuwa zimeporwa, makabrasha yametumika kufungia maandazi, na wengi wa rika langu walichagua mwaka wa kuzaliwa kama mtu anavyochagua shati. Aliyeujua ukweli huko tulikokwenda alikuwa Musonda peke yake. Aliniambia, “Miaka tatu, mon frère? Ungekata mbili. Sura itakukatala,” akacheka, na hakulirudia tena.

Nilicheza vizuri, sitajidharau mbele ya mwanangu. Mele yetu ilikuwa hairudi nyuma. Wale waliokuwa hawanioni barabarani Jumatatu, Jumapili waliimba jina langu, na mimi nilizishuku nyimbo zao na saa zangu za furaha pia. Nilipika mwenyewe, nilifunga kabati kwa kufuli. Musonda alikuwa haifungi hata nyumba yake. Nilimwona mjinga, na siku nyingine nilimwona mjanja anayejifanya mjinga.

Msimu wa tatu, siku ya Alhamisi baada ya mazoezi, rais wa klabu aliniita ofisini. Hakunikaribisha kiti. Alisema anajua sikuzaliwa mwaka ninaosema, na kwamba tutaongea baada ya mechi ya Jumapili. Basi, akarudi kwenye simu yake. Ngalula, leseni ikifutwa na kibali cha kuishi kinafutwa, na wakati ule nyumbani vita vilikuwa vimewaka upya, hakuna pa kurudi. Nilitoka pale. Nilikuwa na swali moja kichwani, nani amesema, na jibu lilikuwa moja. Nilikiona kile kidole tena. Nikajiambia: mjomba na mpwa, damu ni ile ile.

Ijumaa Musonda alikuja kukaa karibu yangu tukifunga viatu. Aliniangalia, akaniangalia tena.

“Mupilie, eko namna gani? Unaniangalia sawa vile nimekuibia kintu.”

“Hakuna,” nikasema.

“Hakuna, kweli?”

“Hakuna.”

Hapo ndipo ningeuliza. Mdomo ulikuwa wangu na lugha ilikuwa yetu, watu wawili tu katika mji mzima tunaoielewa. Sikuuliza, kwa sababu mtu anayeshuku anaona kwamba akiuliza ataonyesha karata zake. Nilijiona mwerevu.

Jumapili mvua ilinyesha. Mele ya kwanza nilimshika, ya pili nilimshika. Ya tatu, tulipoinama, nilisikia pumzi yake sikioni, akaniambia neno dogo la Kipushi tulilozoea kuambiana kabla ya kusukuma, “Tuko.” Neno lile ndilo lililonichoma. Nikafikiri, anathubutu. Wale wakaja kwa nguvu zao zote, na mkono wangu ukafunguka.

Nimejiuliza zaidi ya miaka ishirini kama nilikusudia. Nakuapia sikukusudia avunjike. Lakini nisikudanganye, wala sikuteleza. Nilitaka ausikie uzito peke yake, nukta moja tu, kama nilivyousikia mimi. Nukta moja ilitosha. Tulianguka sote, wenzangu wakainuka, yeye hakuinuka. Alikuwa macho wazi kwenye tope, ananiuliza mimi, si mwingine, kama miguu yake iko sawa.

Miguu ilirudi baada ya miezi, akawa anatembea na fimbo. Mkono wa kulia haukurudi.

Siku kumi baadaye rais aliniita tena, akafungua droo, akaniwekea karatasi mezani. Ilikuwa cheti changu cha ubatizo. Mimi na mama yako, aliyekuwa bado hajanifuata Ufaransa, tulikuwa tunataka kufunga ndoa kanisani, padre wa kule akataka cheti, na nikaandika mwenyewe, kwa mkono wangu, kuomba parokia ya Kipushi wakitume. Serikali ilikuwa imeporomoka na madaftari yake, lakini mapadre wetu hawakupoteza kitabu hata kimoja. Mwaka wangu wa kuzaliwa ulikuwa pale, kwa wino mweusi na muhuri, na rais alikuwa mjumbe wa baraza la parokia. Padre alimwonyesha akidhani anamfurahisha. Nilikuwa nimejua kuidanganya serikali, nikasahau kwamba kanisa lina kumbukumbu. Hakuna aliyenichongea, mwanangu. Nilijichongea, nikalipa stempu.

Watu wa shirikisho walikuja hospitali kuuliza kilichotokea. Musonda aliwaambia uwanja ulikuwa na maji, watu wakateleza. Nilisimama mlangoni nikisikia. Na rais, kwa kuwa alikuwa amempoteza wa katikati, hakutaka kuipoteza na nguzo, akakirudisha cheti kwenye droo, na hilo droo likawa kamba ya shingo yangu. Nilicheza misimu sita zaidi. Zile picha zilizoko sebuleni, unazowaonyesha rafiki zako, zote ni za misimu hiyo sita. Sasa unajua kwa nini siwezi kukaa kwenye kiti kinachozielekea.

Niliacha raga goti lilipokataa, tukarudi Lubumbashi, ukazaliwa. Musonda alibaki, akaoa kule. Kila mwaka alikutumia viatu, na kila mwaka nilivikagua ndani kabla ya kukupa. Nilidhani hajui. Siku nyingine nilidhani anajua na anangoja. Alipokutaka wewe ukae kwake, nilisema moyoni, ndiyo hii, amengoja mpaka nikawa na kitu cha kupoteza.

Nimefika hapa nikaiweka kalamu chini. Nilikuwa nimepanga barua hii umpelekee yeye aisome kwanza, halafu aamue kama akupokee. Nimeisoma upya nikaona aibu. Nilikuwa nakutuma wewe, msichana wa miaka kumi na tisa, ukanibebee mlangoni kwa mtu neno ambalo mimi na kilo zangu mia na ishirini sijathubutu kulisema. Mficha maradhi, kifo humuumbua, lakini mimi nilikuwa natafuta mtoto aumbuliwe badala yangu. Nikachukua simu.

Alipokea haraka. “Eh, mupilie! Mutoto amesha kufunga valizi?”

Nikamwambia yote. Sikupamba. Rais, Alhamisi, mjomba wake, cheti, mkono.

“Nilisikia mukono yako inafunguka,” akasema. “Kabla ya shingo, nilisikia mukono.”

“Donc, kumbe ulijua?”

“Nilijua ile siku ile.”

“Na juu ya nini haukusema? Balikuuliza. Nilikuwa pale ku mulango.”

“Nilikuona.” Akakohoa. “Ningesema, bangekufukuza. Kipushi, bantu ya kwetu balishakufukuza. Njo na miye nikufukuze mara ya pili?”

Nililia, Ngalula. Nilikaa kwenye kiti cha jikoni nikalia kwa sauti, simu sikioni. Yeye aliniacha nilie, kisha akasema kwa ukali ambao sijawahi kumsikia nao:

“Usiwaze nimekusamehe. Wakati ya baridi, ile mukono inaniuma, nakutukana tangu asubuhi mupaka muke yangu anachoka. Nilingoya useme. Miaka yote ile, kila simu, nilingoya. Weye unaniuliza tu hali ya hewa.”

Nikamwuliza lile lililokuwa linanila. Nikamwuliza anamtakia nini mtoto wangu.

“Chumba iko wazi,” akasema. “Muke yangu anapenda kusikia sauti ya muntu mu nyumba. C'est tout, basi. Si kila kintu iko na siri, mupilie. Lete mutoto.”

Akakata. Na sasa nikueleze jambo ambalo nisingemweleza mwingine. Nilipoiweka simu, machozi hayajakauka, wazo la kwanza lililonijia lilikuwa: mbona amekubali upesi? Ndivyo nilivyo. Ugonjwa huu hauponi kwa siku moja, na sitaki uurithi, ingawa naona dalili. Juzi nilikuona unahesabu nguo kwenye kamba baada ya jirani kupita. Na hapa mjini yale maneno ya zamani yameanza kurudi, mtu anakuuliza jina la babu yako kabla ya kukuuzia unga. Sikwambii uwaamini watu wote. Wapo wanaoonyesha nyumba kwa kidole, nimewaona. Nakuambia tu kwamba mimi niliyemshuku nilikuwa nimekaa naye benchi moja, nina siku mbili nzima, na nilihitaji dakika moja kumwuliza. Ukimshuku mtu, mwulize. Akikudanganya, utakuwa umepoteza dakika.

Nawasikia mnafungua lango, mama yako anacheka. Nitaikunja hii niiweke ndani ya kitabu chako cha hesabu. Leo jioni nitamweleza mama yako nusu ile nyingine, kwa hiyo tukikaa kimya mezani usituulize.

Kitu kimoja, kisha niache. Musonda atakuwa anakungoja stesheni, na atakupa mkono wa kushoto. Kwetu tumewafundisha kwamba mkubwa hapewi wala hatoi wa kushoto, na najua utashtuka, utadhani ni dharau. Usishtuke. Mpe na wewe wa kushoto, umshike vizuri, usiachie kabla yake. Ule wa kulia niliuua mimi.

Baba yako